UCHAMBUZI: Ngazi ya vikapu barani inaanzia wapi kwa mchezaji wa Malindi?

KILA ratiba ya mashindano ya mpira wa vikapu barani Afrika inapotangazwa, majina ya miji ni yale yale: Kigali, Cairo, Dakar, Luanda, Monastir, na mara mojamoja Nairobi. Katika Pwani ya Kenya, Mombasa hutajwa kwa sababu moja tu, nayo ni klabu ya Halmashauri ya Bandari (KPA), ambayo timu zake za wanaume na za wanawake zimekuwa zikipeperusha bendera ya nchi katika mashindano ya kanda kwa miaka mingi. Ukishavuka daraja la Mtwapa na kuingia Kaunti ya Kilifi, kimya kinatanda hadi Malindi na Magarini.

Kimya hicho hakitokani na uhaba wa watu. Sensa ya 2019 iliwahesabu wakazi 1,453,787 katika kaunti hiyo, na sehemu kubwa yao ni vijana. Wala hakitokani na uhaba wa vimo na miguu myepesi, kwani shule za sekondari za Pwani zimethibitisha mara kadhaa kuwa mchezo huu unawezekana nje ya Nairobi. Shule ya wasichana ya Kaya Tiwi, iliyoko Kwale upande wa pili wa Mombasa, imewahi kutwaa ubingwa wa kitaifa wa vikapu na kuiwakilisha Kenya miongoni mwa shule za Afrika Mashariki. Kwale si tajiri kuishinda Kilifi.

Sababu ni ngazi yenyewe. Mchezo wa vikapu una vidato vinavyopanda kutoka mtaani hadi Olimpiki, na kila kidato kina mlinzi wake, masharti yake na gharama zake. Mchezaji wa Malindi hakatazwi kupanda. Tatizo ni kuwa kidato cha kwanza kimewekwa mbali naye, umbali wa kilomita 120 hivi kwa matatu hadi Mombasa, na cha pili kimewekwa Nairobi.

Kileleni mwa ngazi hiyo pana Shirikisho la Kimataifa la Mpira wa Vikapu, FIBA, lililoasisiwa Geneva mnamo 1932 na ambalo makao yake sasa yako Mies, nchini Uswisi. Chini yake, kwa upande wa bara hili, kuna FIBA Afrika, chombo kilichozaliwa Cairo mnamo 1961 na ambacho ofisi zake zimo Abidjan, nchini Cote d'Ivoire. Mwaka mmoja baada ya kuasisiwa kwake, Cairo iliandaa mashindano ya kwanza ya mataifa ya Afrika, na Misri ikatwaa kombe. FIBA Afrika imeligawa bara katika kanda saba. Kenya imo katika Kanda ya Tano pamoja na majirani kama Tanzania, Uganda, Rwanda, Burundi, Ethiopia, Somalia, Sudan na Sudan Kusini. Misri nayo imo.

Jambo hilo la Misri huwashangaza mashabiki wa kandanda waliozoea CECAFA, ambako Misri haimo. Katika soka, timu ya Afrika Mashariki inaweza kutawazwa bingwa wa ukanda wake bila kukanyagana na Mwarabu hata mmoja wa mto Nile wa chini. Katika vikapu, Misri iko mlangoni. Taifa lililotwaa ubingwa wa Afrika mara tano, na ambalo klabu zake Zamalek na Al Ahly zilishinda Ligi ya Vikapu ya Afrika (BAL) mnamo 2021 na 2023, ndilo kipimo cha kwanza na wala si cha mwisho. Anayelalamika kuwa Kenya haifiki mbali aanze kwa kuitazama ramani hiyo.

Tena ramani hiyo haikuchorwa na mtu wa pwani. Bahari iliyoiunganisha Malindi na Ngazija, Nosy Be na Mahajanga kwa karne nyingi za kaskazi na kusi haina nafasi katika mgawanyo wa FIBA. Visiwa vya Komoro, Madagaska, Mauritius na Shelisheli vimewekwa katika Kanda ya Saba, ilhali Malindi imewekwa kapu moja na Cairo na Asmara. Hakuna anayependekeza kuwa kanda zichorwe upya kwa ajili ya mji mmoja. Lakini Madagaska itarejea katika hoja hii, na msomaji aikumbuke.

Kwa muda mrefu, mashindano ya kanda ndiyo yaliyokuwa mlango wa pekee. Timu ya taifa ilikwenda Kampala, Kigali au Cairo, ikacheza wiki moja, na aliyeshinda akapata tiketi ya AfroBasket. Tangu 2017 utaratibu wa timu za wanaume umebadilika. Sasa kuna awamu za kufuzu zinazochezwa kwa vipindi katika miezi tofauti ya mwaka, na mchujo wa kikanda umesukumwa chini kuwa hatua ya awali. Mchujo wa aina hiyo bado una uzito kwa wanawake, kwa vijana na kwa klabu.

Mabadiliko hayo yalileta faida na hasara. Faida ilionekana Kenya ilipofufuka. Taifa hili lilikuwa limeandaa AfroBasket jijini Nairobi mnamo 1993 na kumaliza katika nafasi ya nne, kisha likatoweka kwa miaka 28. Mnamo Januari 2020, Kenya Morans iliongoza mchujo wa awali uliofanyika Nairobi, ikiipiku Sudan Kusini. Februari 2021 mjini Yaounde, Tylor Ongwae alitupia mpira wa mwisho uliozama na kuilaza Angola, mabingwa wa kihistoria wa bara hili, kwa pointi 74 kwa 73. Kocha aliyekuwa akiwaongoza, Liz Mills wa Australia, akawa mwanamke wa kwanza kuinoa timu ya wanaume katika AfroBasket timu hiyo ilipofika Kigali miezi sita baadaye. Wanawake nao hawakubaki nyuma, kwani Julai 2021 Lionesses waliichabanga Misri pointi 99 kwa 83 katika fainali ya Kanda ya Tano iliyochezewa Kigali na kukata tiketi ya michuano ya Afrika.

Hasara ilikuja polepole. Vipindi vya kufuzu vinataka timu isafirishwe mara kwa mara, wachezaji walio ng'ambo warudishwe, hoteli zilipwe na vibali vitafutwe. Shirikisho linalotegemea ahadi za wizara dakika za mwisho haliwezi kulingana na lile lenye mpango wa miaka minne. AfroBasket ilipochezwa Angola mnamo Agosti 2025, Kanda ya Tano iliwakilishwa na Misri, Sudan Kusini, Rwanda na Uganda. Kenya ilitazama kwenye televisheni.

Na hapo ndipo kisa cha Sudan Kusini kinapouma. Nchi hiyo ilijiunga na FIBA mnamo 2013. Iliposhindwa na Kenya katika mchujo wa Nairobi ilikuwa kama imeaga, ila Algeria ilipojiondoa, nafasi ikawarudia. Walipokutana tena Kigali mnamo 2021 kuwania robo fainali, Sudan Kusini ilishinda kwa pointi 60 kwa 58. Pointi mbili. Miaka miwili baadaye ilicheza Kombe la Dunia, na mnamo 2024 ilikuwa katika Olimpiki ya Paris, ambako iliifunga Puerto Rico. Wakati wote huo, Juba haikuwa na ukumbi wa ndani wa kuandalia mechi za kimataifa. Baadhi ya wachezaji wake walikulia katika kambi za wakimbizi, zikiwemo zilizo katika ardhi ya Kenya.

Wengi hukimbilia kusema kuwa kisa hicho ni thibitisho kwamba ukumbi si kitu. Si sahihi. Sudan Kusini ilikuwa na wana wake walioenea Marekani na Australia, waliofunzwa katika vyuo vya huko, na ilikuwa na Luol Deng, nyota wa zamani wa NBA aliyejitwika jukumu la kuiongoza na kuifadhili. Kilifi haina diaspora ya namna hiyo. Anayetaka kuiga njia ya Juba awe kwanza na wana waliokwisha kufunzwa na mataifa mengine.

Upande wa pili wa shilingi ni Kigali. Rwanda ilifungua ukumbi wake wa watu 10,000 mnamo 2019, na kabla ya miaka mitano kupita, ukumbi huo ulikuwa umepokea AfroBasket ya wanaume ya 2021, ya wanawake ya 2023, na msimu baada ya msimu wa BAL, ligi inayoendeshwa kwa pamoja na FIBA na NBA. Nairobi City Thunder ilipokuwa klabu ya kwanza ya Kenya kuingia BAL katika msimu wa 2025, ilikwenda kucheza mechi zake za kundi Kigali. Mkenya akasafiri kuuona mchezo wa Mkenya.

Mfano wa Kigali ni kishawishi kikubwa kwa kila kiongozi wa kaunti anayeota kuzindua jengo lenye jina lake. Malindi ina uwanja wa ndege, hoteli za kila daraja, na sifa iliyotangulia huko Ulaya. Hoja ya utalii wa michezo inaundika bila jasho: leteni mashindano ya kanda, vyumba vijae hata wakati wa kusi ambapo wageni ni haba. Hoja hiyo ina ukweli ndani yake, ila inaanza ujenzi kutoka paa.

Ukumbi wa mashindano ya kimataifa ya wachezaji watano una masharti yasiyosamehe. Sakafu iwe na urefu wa mita 28 na upana wa mita 15, dari isiwe chini ya mita saba juu ya sakafu, na kwa ngazi za juu kabisa itandazwe mbao. Kuna mwanga, vyumba vya ukaguzi wa dawa haramu, umeme usiokatika, na viti. Baada ya kujengwa, kunabaki gharama ya kuutunza, na katika pwani hii adui hulala hapo hapo. Mbao huvimba kwa unyevu, na hewa ya chumvi hula chuma cha mlingoti na hupe hata kabla rangi haijakauka vizuri. Rwanda ni serikali nzima iliyoamua kuwa michezo ni sera ya taifa. Kaunti moja yenye madeni ya zahanati na maji haiwezi kujilinganisha nayo. Wapwani pia hawajasahau Uwanja wa Manispaa wa Mombasa, uliobomolewa ili ujengwe upya na kubaki gofu kwa miaka, huku kizazi kizima cha wanasoka kikipita umri.

Hata KPA, yenye mwajiri tajiri nyuma yake, hucheza nyumbani Makande katika ukumbi wa ustawi wa wafanyakazi wa bandari. Nguvu ya klabu hiyo imetoka kwingine, kwenye ajira. Mchezaji anayejua kuwa ana mshahara mwisho wa mwezi hubaki katika mchezo hadi miaka 30, ilhali mwenzake wa Kilifi huacha akimaliza kidato cha nne. Chuo Kikuu cha Pwani, kilichoanza 2007 kama chuo kishiriki na kupata hati yake kamili 2013, kimewapa baadhi ya vijana wa Kilifi miaka minne zaidi ya kucheza. Baada ya hapo ni Mombasa, Nairobi, au mwisho.

Je, kuna kidato kingine? Kipo, na kinachoshangaza ni jinsi ambavyo hakizungumziwi. Ni mchezo wa watatu kwa watatu, ambao vijana wa mitaani wameucheza tangu zamani bila kujua kuwa siku moja ungeitwa mchezo wa Olimpiki.

Sheria zake ni fupi. Kikapu ni kimoja. Kila timu ina wachezaji watatu uwanjani na mmoja wa akiba. Mtupo wa ndani ya tao ni pointi moja, wa nje ni mbili. Timu ina sekunde 12 tu za kushambulia, na mchezo unaisha dakika kumi zikitimia au timu moja ikifikisha pointi 21. Uwanja wake una upana wa mita 15 na urefu wa mita 11, yaani karibu asilimia 40 ya eneo la uwanja wa kawaida. Huchezwa nje. FIBA yenyewe huupeleka katika viwanja vya miji, mbele ya makumbusho na kando ya bahari, na hakuna anayedai dari.

Lakini udogo wa uwanja si hoja kuu. Hoja kuu ni namna alama zinavyohesabiwa. Katika mchezo wa watano, nafasi ya taifa katika orodha ya dunia hutegemea matokeo ya timu ya taifa pekee. Malindi ikicheza kila siku au isicheze kabisa, orodha hiyo haitikisiki. Katika mchezo wa watatu, kila mchezaji ana alama zake binafsi katika mfumo wa FIBA, anazozikusanya katika mashindano yaliyosajiliwa katika kipindi cha miezi 12 iliyopita, na nafasi ya taifa hutokana na jumla ya alama za wachezaji wake walio juu. Shindano linaweza kuandaliwa na shule, klabu, hoteli au kaunti. Likisajiliwa, matokeo yake huingia katika hesabu ya dunia. Likifanyika kimyakimya, kijana aliyetokwa jasho tangu asubuhi hadi magharibi ni sawa na ambaye alibaki nyumbani.

Maana yake ni kuwa, kwa mara ya kwanza katika historia ya mchezo huu, kidato cha kwanza cha ngazi kinaweza kuwekwa Malindi yenyewe. Si lazima kipitie Makande wala Kasarani.

Kuna nchi zilizoielewa hesabu hiyo mapema. Mongolia, yenye watu wasiozidi milioni nne na isiyotajwa katika vikapu vya watano, ilijaza mashindano madogo yaliyosajiliwa hadi wanawake wake wakafuzu kwa Olimpiki ya Tokyo kupitia orodha ya alama. Mnamo 2025 mji wake mkuu, Ulaanbaatar, uliandaa Kombe la Dunia la watatu. Baadhi ya nafasi za Paris 2024 pia zilitolewa kwa kutazama orodha hiyo. Italia, ambayo raia wake wamefanya makazi Malindi kwa miongo kadhaa, ilikuwa Tokyo kwa upande wa wanawake. Afrika haikuwa na timu hata moja ya watatu, ya wanaume wala ya wanawake, katika Tokyo wala Paris. Mlango uko wazi na bara zima limesimama nje.

Karibu bara zima, maana Madagaska imekwisha kuingiza mguu. Kisiwa hicho si miongoni mwa vigogo wa mchezo wa watano, ingawa kiliandaa AfroBasket ya 2011 mjini Antananarivo. Katika mchezo wa watatu, timu zake zimetawazwa mabingwa wa Afrika na zimekwenda Kombe la Dunia, na Antananarivo ikaandaa Kombe la Afrika la watatu mwishoni mwa 2024. Isitoshe, wanaodai kuwa mchezo wa watatu huwaharibu wachezaji wa watano waitazame orodha ya timu 16 zilizocheza Angola 2025. Madagaska ilikuwemo. Kenya, yenye watu wengi zaidi na uchumi mkubwa zaidi, haikuwemo.

Kenya haijautelekeza mchezo huu moja kwa moja, kwani timu zake za watatu zilikwenda Michezo ya Jumuiya ya Madola mjini Birmingham mnamo 2022. Kasoro ni kuwa umechukuliwa kama kazi ya timu ya taifa, inayokusanywa kambini Nairobi safari inapokaribia, badala ya kuwa kazi ya miji. Mwenye kuielewa hesabu ya alama ataona kuwa mpango huo umegeuzwa miguu juu. Timu inayokusanywa wiki tatu kabla ya safari haina alama. Alama hutoka katika mashindano hamsini madogo ambayo hakuna mwanahabari aliyefika kuyatazama.

Kisheria, kaunti haina kisingizio. Jedwali la Nne la Katiba ya 2010 limeiachia serikali ya kitaifa ukuzaji wa michezo na elimu yake, na limezipa kaunti shughuli za michezo pamoja na vifaa na viwanja vyake. Nusu uwanja wa saruji, wenye mlingoti uliopakwa zinki dhidi ya kutu na taa mbili za jua, uko ndani ya mamlaka ya kaunti bila ubishi. Sheria ya Michezo ya 2013 nayo inataka vyama visajiliwe kwa Msajili wa Michezo, viwe na katiba na vifanye uchaguzi. Hapa ndipo wadau wa Kilifi wanapotakiwa kujitazama kwenye kioo. Chama ambacho hakikusajiliwa hakiwezi kukaa mezani na Shirikisho la Mpira wa Vikapu Kenya (KBF), hakiwezi kuomba fedha za Hazina ya Michezo, Sanaa na Maendeleo ya Jamii, na hakiwezi kulalamika mbele ya Jopo la Kutatua Mizozo ya Michezo kinapoonewa. Ghadhabu ya barazani dhidi ya "watu wa Nairobi" haina hadhi ya kisheria.

KBF nayo ina lake la kujibu. Shirikisho la taifa ndilo linalotambuliwa na FIBA, na waandalizi wa mikoani huhitaji ushirikiano wake ili mashindano yao yakubalike bila utata. Iwapo usajili wa shindano dogo la Watamu utachukua miezi mitatu ya simu na barua, au utatozwa ada inayozidi zawadi zenyewe, mpango huo utafia njiani. Waamuzi ni kikwazo kingine. Mwamuzi wa mchezo wa watatu si lazima awe yule wa watano, kwani sheria zinatofautiana, na kumleta mmoja kutoka Nairobi kila wikendi ni gharama ya ujinga. Kozi moja ya waamuzi na wasimamizi wa alama, ikifanyika Kilifi mara mbili kwa mwaka, ingeleta tija kuliko jezi elfu moja zenye picha ya mheshimiwa.

Kuhusu jezi hizo, lisemwe moja. Pwani inazo "kombe za waheshimiwa" nyingi. Msimu wa siasa ukikaribia, mipira hugawanywa, fainali huchezwa, kombe huinuliwa, na mwaka unaofuata hakuna aliyebaki isipokuwa mlingoti ulioinama. Mashindano ya namna hiyo huwafurahisha watu, na furaha si dhambi. Lakini hayaachi alama, kumbukumbu wala mchezaji anayeweza kufuatiliwa. Laiti kila kombe la aina hiyo lingewekewa sharti moja tu la kusajiliwa, gharama isingeongezeka sana na faida ingebaki baada ya wanasiasa kuondoka.

Wasichana ndio watakaopoteza zaidi mpango ukiachwa holela. Uwanja wa wazi wa mtaani huchukuliwa na wavulana kuanzia saa kumi jioni hadi giza, na msichana wa Shela au Mtwapa ambaye ana kazi za nyumbani wakati huo huo hana nafasi. Yapo mambo mengine yanayojulikana na kila mzazi wa pwani: mavazi ya staha, umbali wa uwanja na nyumbani, na nani anayesimamia. FIBA iliruhusu vazi la kichwa katika mchezo huu tangu 2017, baada ya miaka ya malalamiko kutoka nchi za Kiislamu, kwa hiyo buibui la kanuni limekwisha kuondolewa. Kinachosalia ni ratiba. Saa mahususi za wasichana, katika viwanja vya shule vyenye ukuta, na walimu wa kike waliofunzwa kusimamia alama, zingeifanya Kilifi kupata wachezaji wenye alama kwa haraka upande wa wanawake kuliko wa wanaume, kwa sababu ushindani barani bado ni mwembamba huko. Kaya Tiwi ilianzia shuleni.

Hakuna anayedai kuwa nusu uwanja wa Malindi utaleta medali ya Olimpiki. Mchezo wa watatu una wababe wake, na Latvia au Marekani hazitatetemeka. Pia kuna hatari kuwa vijana watakaong'aa watachukuliwa na klabu za Nairobi mapema, na kaunti ibaki na saruji. Hatari hiyo ni ya kweli, ila ni hatari ya mwenye mali. Kwa sasa Kilifi haina hata cha kuibiwa.

Kalenda ya fedha za umma iko wazi kwa atakayetaka kuitumia. Mpango wa maendeleo wa kila mwaka wa kaunti hutakiwa kufika katika bunge la kaunti kabla ya Septemba 1, waraka wa mikakati ya fedha kabla ya Februari 28, na makadirio ya bajeti kabla ya Aprili 30, na kila hatua ina nafasi ya wananchi kutoa maoni. Katika vikao hivyo, wanasoka na wavuvi hufika. Wanavikapu wa Malindi, Watamu, Kilifi mjini, Mariakani na Mtwapa watahitaji kufika wakiwa na chama kimoja kilichosajiliwa, orodha ya shule zenye saruji inayofaa, na bei ya mlingoti mmoja usioshika kutu.